Kila logi inauliza kipeo

Mpe mwanafunzi wa kidato cha pili log 8 juu ya log 2 arahisishe. Wengi watakata "log" ya juu na ya chini kwa mstari mmoja wa kalamu, wabaki na 8 juu ya 2, waandike 4. Jibu ni 3. Kosa hili nilikuwa nikilisahihisha Iringa nilikoanzia kazi ya ualimu, na hapa Rungwe nalisahihisha bado. Watoto ni wengine, miandiko ni mingine, lakini ule mstari unapita palepale.

Nikaanza kuwaita mezani mmoja mmoja. "Mwanangu, hapa umefanyaje?" Jibu lilikuwa karibu lilelile kila mara: "Zimefanana, Mwalimu, nimezikata." Na ukikumbuka kwamba aljebra imewazoesha kukata herufi zinazofanana, unaona walikuwa na sababu. Kwao "log" ni herufi kama x. Hawajaona kwamba "log" isiyo na namba haina thamani yoyote, sawasawa na alama ya kipeuo isiyo na kitu ndani yake. Kilichopo pale ni log 8 nzima, yaani kipeo ambacho 10 ikipewa inatoa 8 (besi, ile namba inayopewa kipeo, isipoandikwa ni 10), nacho ni 0.9031, na log 2 nzima, ambayo ni 0.3010. Gawanya moja kwa nyingine uone kama utapata 4.

Tangu hapo nilibadili mpangilio wangu. Mada inapoanza, ubaoni hakuna kanuni hata moja. Kuna swali tu: besi hii ipewe kipeo gani ili itoe namba hii? log₂ 8, yaani 2 ipewe kipeo gani itoe 8? Tatu. log₁₀ 1000? Tatu tena. log₃ 1? Hapo darasa linanyamaza kidogo, halafu mmoja anakumbuka kwamba namba yoyote isiyo sifuri ikipewa kipeo sifuri inatoa 1. log₅ ya moja chini ya ishirini na tano? Hasi mbili. log₉ 3? Nusu, kwa sababu kipeo cha nusu ndicho kipeuo cha pili. Tunafanya yote haya kwa mdomo, madaftari yamefungwa. Nawataka waisikie logi ikiuliza kabla hawajaizoea kama mchoro wa kunakili.

Kisha nawapa log₄ 8, na hii nakaa nayo kwa muda mrefu. Jibu la kwanza kutoka kona zote ni 2, kwa kuwa nne mara mbili ni nane. Sisemi wamekosea. Narudia swali: 4 ipewe kipeo gani itoe 8? Kipeo cha 1 kinatoa 4. Kipeo cha 2 kinatoa 16. Basi jibu liko kati ya 1 na 2, na mara nyingi nawaacha hapohapo mpaka kipindi kifuatacho, wakiwa na "kati ya 1 na 2" tu mkononi. Wengine hawapendi kuachwa hivyo. Lakini mwanafunzi anayeweza kusema logi iko kati ya namba gani na gani ameshaielewa kuliko yule aliyekariri kanuni zote na hajui kama jibu lake ni kubwa mno au dogo mno. Tukirudi tunaona kwamba 4 ni 2 kwa kipeo cha 2, na 8 ni 2 kwa kipeo cha 3. Kwa hiyo 2 kwa kipeo cha 2x ni sawa na 2 kwa kipeo cha 3, na x ni tatu juu ya mbili. Moja na nusu. Imekaa kati ya 1 na 2 kama tulivyosema.

Baada ya hapo ndipo kanuni zinakuja, na zinakuja zenyewe. Ukizidisha namba zenye besi moja, vipeo vinajumlishwa. Hilo walilijua kabla ya mada hii kuanza. Na kama logi ni kipeo, basi logi ya zao ni jumla ya logi, logi ya mgawanyo ni tofauti ya logi, na logi ya namba yenye kipeo ni kipeo hicho mara logi yake. Hivyo log 8 ni log ya 2 kwa kipeo cha 3, yaani 3 log 2. Gawanya kwa log 2, na sasa log 2 ya juu na ya chini zinakatika kihalali, kwa sababu ni namba moja nzima iliyogawanywa kwa yenyewe. Inabaki 3.

Kuna zoezi moja ninalolipenda kuliko yote katika mada hii. Nawapa namba mbili tu, log 2 = 0.3010 na log 3 = 0.4771, nawaambia wajaze logi za 1 hadi 10 bila kugusa kitabu cha majedwali. Ya 4 ni mara mbili ya 0.3010. Ya 6 ni jumla ya zote mbili, 0.7781. Ya 8 ni mara tatu. Ya 9 ni mara mbili ya 0.4771. Ya 5 huwasumbua mpaka mmoja aone kwamba 5 ni 10 gawanya kwa 2, na log 10 ni 1, kwa hiyo ni 0.6990. Wakilinganisha na jedwali wanakuta log 6 ni 0.7782 na log 8 ni 0.9031, tofauti ya tarakimu ya mwisho, nami nawaeleza kwamba hizo namba mbili nilizowapa zenyewe zimekatwa kwenye nafasi ya nne ya desimali.

Inabaki 7. Wanaizunguka kila upande na haipatikani. Msichana mmoja, mtoto asiyezungumza sana, aliniuliza kwa nini 7 inakataa wakati 5 imekubali. Nikamrudishia swali: ni namba zipi zinazopatikana kwa kuzidisha na kugawanya 2, 3 na 10 peke yake? Akaona mwenyewe. Saba ni namba tasa na haimo ndani ya yoyote kati ya hizo tatu; na 11 itakataa, na 13 itakataa. Nikamwongezea kwamba kama haipatikani barabara, inaweza kukaribiwa. Saba mara saba ni 49, jirani wa 50. Log 50 ni 1.6990, nusu yake ni 0.8495. Jedwali linasema 0.8451, si mbali. Kesho yake asubuhi, kabla sijakaa, mvulana wa dawati la jirani alikuja na karatasi: "Shikamoo Mwalimu, nimepata iliyo karibu zaidi." Alikuwa ameendelea kuzidisha 7 mpaka kipeo cha nne, akapata 2401, akaichukulia kama 2400. Hiyo ni 8 mara 3 mara 100, na log yake ni 0.9030 jumlisha 0.4771 jumlisha 2, yaani 3.3801. Akagawanya kwa 4, akapata 0.8450. Darasa zima lilipiga makofi, na mimi nilipiga pamoja nao.

Nilitumia siku hiyo kuwasimulia majedwali yalikotoka. John Napier wa Uskochi alitoa kitabu chake cha logi mwaka 1614, wakati wanaanga na mabaharia walikuwa wanamaliza siku nyingi wakizidisha namba ndefu kwa mkono. Henry Briggs, mwalimu wa hisabati wa London, alikisoma akasafiri hadi Edinburgh mwaka 1615 kuonana naye, wakakubaliana kwamba logi ya 1 iwe sifuri na hesabu zijengwe juu ya 10. Napier alifariki mwaka 1617. Briggs akaendelea, na mwaka 1624 akachapisha logi za maelfu ya namba kwa nafasi 14 za desimali, zote zikiwa zimekokotolewa kwa kalamu. Yule mvulana alisikiliza sehemu hii kwa makini sana. Alichofanya kwenye karatasi yake ni kazi ya ukoo mmoja na ile.

Kosa linalofuata kwa ukubwa ni la kugawia mabano: log (a + b) igeuzwe log a + log b. Hapa nimejifunza kuangalia sana namba za mfano. Kuna siku mwanafunzi alisimama kuitetea kanuni hiyo kwa hoja nzuri kabisa. Alisema, "Mwalimu, weka 2 na 2." Log ya 2 + 2 ni log 4, 0.6021. Log 2 jumlisha log 2 ni 0.6020. Zimelingana, tofauti ya tarakimu ya mwisho tumeshaizungumza. Darasa likamwelekea yeye. Na alikuwa ameifanya kazi ambayo tunawaomba kila siku waifanye, ya kujaribu kwa namba. Bahati yake mbaya ni kwamba 2 na 2 ukizijumlisha au ukizizidisha unapata 4 ileile. Tukaweka 3 na 3. Log 6 ni 0.7782, lakini log 3 jumlisha log 3 ni 0.9542, ambayo ni logi ya 9. Kanuni ikaanguka mbele ya macho yake, na akaketi akiwa ametosheka, maana namba ndizo zilizomjibu.

Ndugu wa mfano huo ni 100. Ukitaka kumwonyesha mtoto tofauti ya log ya x kwa kipeo cha pili na log x nzima kwa kipeo cha pili, usiweke 100, maana zote mbili zitatoa 4. Weka 1000: ya kwanza ni 6, ya pili ni 9. Walimu wenzangu, namba 2 na 100 zinapendwa kwa kuwa ni nyepesi, lakini katika mada hii zinaficha mambo.

Logi za namba ndogo kuliko 1 zina shida yake. Kitabu cha majedwali kinamfundisha mwanafunzi kuandika log 0.02 kama ba 2 nukta 3010, kistari kikiwa juu ya 2 peke yake. Anakwenda nyumbani, anachukua simu ya mama yake, anabonyeza, simu inamwambia -1.69897. Anarudi akiwa na uhakika kwamba kimoja kati ya viwili hivyo kinadanganya. Vyote viko sawa. Kistari kinahusu ile 2 tu, 0.3010 inabaki chanya. Hasi 2 jumlisha 0.3010 ni hasi 1.6990. Majedwali yanaandikwa hivyo kwa sababu sehemu ya desimali ya 0.02, 0.2, 2, 20 na 200 inakuwa ileile, na ukurasa mmoja unazitumikia zote. Kosa la hatari ni kuandika -2.3010, ambayo ni logi ya namba nyingine kabisa, karibu na 0.005.

Kwa muda mrefu nilidhani ba hiyo ni ya darasani tu, mpaka baba mmoja, mkulima wa chai ambaye mtoto wake namfundisha, aliponijia na majibu ya udongo aliokuwa ameupeleka Uyole kupimwa. Alitaka kung'oa chai kwenye kipande kimoja apande parachichi. Karatasi yake ilisema pH, yaani kipimo cha ukali (asidi) wa udongo, ni 4.7. Ya jirani yake, ambaye parachichi zake zinafanya vizuri, ilikuwa 5.7. "Mwalimu, si tofauti ya moja tu hii?" aliniuliza. "Mbona wananiambia udongo wangu ni mkali sana?"

Nilimwomba ruhusa nipeleke namba zake darasani, naye akakubali kwa furaha. pH, kipimo kilichoanzishwa na mkemia wa Denmark S. P. L. Sørensen mwaka 1909, ni logi yenye alama ya hasi mbele: hasi log ya kiasi cha ioni za hidrojeni, kwa moli katika lita. Kwa pH 4.7, logi ni hasi 4.7. Ili kusoma kwenye jedwali la antilogi, lile linaloturudisha kutoka logi hadi namba yenyewe, tunaigeuza iwe hasi 5 jumlisha 0.3, yaani ba 5 nukta 3. Antilogi ya 0.3 ni karibu 2, na ba 5 inaisukuma hiyo 2 hadi nafasi ya tano baada ya nukta: 0.00002. Kwa jirani ni ba 6 nukta 3, yaani 0.000002. Mara kumi. Ile "moja tu" ya kwenye karatasi ni mara kumi ardhini, na wanafunzi waliokuwa hawaitaki ile ba waliiona ikifanya kazi kwenye shamba wanalopita kila siku wakija shuleni.

Wakauliza wenyewe: na tofauti ya 0.3 je? Antilogi ya 0.3 ni 2, basi ni mara mbili. Udongo wa 5.4 una ukali mara mbili ya udongo wa 5.7. Chai inaupenda udongo mkali, takriban 4.5 hadi 5.5, parachichi inataka takriban 5.5 hadi 6.5. Niliporudi kwa yule baba nilimweleza haya yote, nikamsihi pia asizidishe chokaa ya kupunguza ukali kwa kumi kwa sababu ya hesabu yetu. Kiasi cha chokaa kinategemea jinsi udongo unavyoshikilia ukali wake, na udongo wetu huu wa volkano wenye mboji nyingi unashikilia sana. Hiyo ni kazi ya wataalamu wa udongo, na akarudi kwao.

Matetemeko nayo yanapimwa kwa logi, nami nayagusia kwa sababu tunakaa juu ya Bonde la Ufa. Tetemeko la Rukwa la Desemba 1910 linakadiriwa kuwa na ukubwa wa 7.4, lile kubwa la Karonga, Malawi, kusini mwa Kyela, Desemba 2009, lilikuwa karibu 6.0. Tofauti ni 1.4. Kwa nishati, kila hatua moja ya kipimo huongeza 1.5 kwenye logi, kwa hiyo 1.4 inaongeza 2.1. Antilogi ya 2.1 ni karibu 126, yaani nishati mara 126. Wanafunzi waliotarajia "kubwa kidogo" hubaki wakilitazama jibu hilo.

Sasa milinganyo. Ile yenye x kwenye kipeo huwa haiwasumbui sana wakishaelewa swali la logi. Fedha inayokua kwa asilimia 12 kwa mwaka, riba ikiongezwa kwenye mtaji, itakuwa mara mbili lini? 1.12 kwa kipeo cha n ni sawa na 2, kwa hiyo n ni log 2 juu ya log 1.12, yaani 0.3010 gawanya kwa 0.0492, kama miaka 6.1. Wanaowasaidia mama zao kuandika daftari la kikundi cha kuweka na kukopa hulifanya hili haraka kuliko wengine.

Inayosumbua ni ile yenye x ndani ya logi. Chukua log x + log (x − 3) = 1. Unganisha upate log ya x(x − 3), iondoe logi upate x(x − 3) = 10, panga: x kwa kipeo cha pili toa 3x toa 10 ni sawa na sifuri. Majibu ya mlinganyo huo ni 5 na -2. Ukirudisha 5 unapata log 5 jumlisha log 2, ambayo ni log 10, yaani 1. Ukirudisha -2 unaomba logi ya -2, na hakuna kipeo kitakachoifanya 10 itoe namba hasi. Kwa hiyo -2 inatoka.

Wanafunzi wengi wakishaona mfano huo wanajitungia sheria: jibu hasi litupwe. Ndiyo maana nawapa mara moja log₂ (1 − x) = 3. Jibu ni -7, na ni halali kabisa, kwa kuwa ndani ya mabano panakuwa 8. Halafu nawapa log (2 − x) + log (5 − x) = 1. Ukizidisha mabano na kupanga unapata x(x − 7) = 0. Majibu yanayojitokeza ni 0 na 7. Kalamu nyingi zinaitupa 0 na kuibakiza 7. Rudisha: kwa 0 tunapata log 2 jumlisha log 5, safi. Kwa 7 tunapata logi ya -5 na logi ya -2. Zilipozidishwa zilitoa 10, chanya, na ndivyo zilivyojificha wakati wa kurahisisha. Kinachoangaliwa ni kilichomo ndani ya mabano, alama ya x yenyewe haihukumu kitu.

Na kuna upande wa pili ambao hausemwi vya kutosha. Log ya x kwa kipeo cha pili ni sawa na 4: mwanafunzi hodari anashusha kipeo, anaandika 2 log x = 4, anapata log x = 2, x = 100, anafunga daftari. Lakini -100 nayo, ukiipa kipeo cha pili, inatoa 10,000, ambayo logi yake ni 4. Jibu hilo lilipotea pale kipeo kiliposhushwa, kwa sababu log x inamtaka x awe chanya wakati mlinganyo wa mwanzo haukutaka hivyo.

Kwa ajili hiyo, darasani kwangu mstari wa kwanza chini ya mlinganyo wowote wa logi si wa kurahisisha. Unaandikwa masharti: x > 3, au x < 2, au x isiwe sifuri, kulingana na kilichomo ndani ya mabano kama kilivyotolewa. Kisha kazi. Kisha majibu yanarudishwa kwenye mstari ule. Asiyeuandika namkata alama hata kama jibu lake la mwisho ni sahihi, na wazazi wawili watatu wamekuja kuniuliza kwa nini. Nawafungulia daftari la mtoto, nawaonyesha 0 iliyotupwa na 7 iliyobakizwa, na tunalifanya swali pamoja.